Siku Bubu za Shundwe

Inspetora Wahida alikuwa amekwisha kukutana na wajinga wa kila namna katika kazi yake, lakini mjinga mwenye chaki mkononi alimchosha kuliko wote. Komandanti Lázaro, mkuu wa kituo cha polisi cha Palma, alikuwa ameugeuza mlango wa ofisi yake kuwa ubao, na juu yake ameandika kwa herufi kubwa: UKUCHA. KAA. PWEZA. CHAZA.

“Hii ni código,” alisema. “Lugha ya siri. Ukucha maana yake washa moto. Kaa maana yake kimbieni. Pweza bado tunachunguza.”

“Na Chaza?”

“Chaza nadhani ni bunduki.”

Wahida alikuwa ametoka Pemba, mji mkuu wa mkoa, usiku wa manane, amekula vumbi la Macomia na la Mocímboa, akavunjwa kiuno na mashimo ya Olumbi, na yote hayo ili asomeshwe majina ya vitoweo.

Mambo yenyewe yalikuwa hivi. Usiku wa Ijumaa, ghala la dizeli liliwaka moto katika yadi moja kule Afungi, yadi ya kampuni ndogo iliyokuja kula makombo ya kampuni kubwa za gesi. Mlinzi, kijana aitwaye Tarique, aliungua mikono yote miwili, akapelekwa hospitali ya Mocímboa. Jumamosi asubuhi ikaokotwa simu kuukuu kando ya waya wa yadi, na ndani yake ujumbe mmoja tu, uliotumwa tangu Jumatano: *Moto usiku wa Ukucha. Waya uanguke.*

Sasa Palma nzima ilijua Ukucha ni nini. Kila magharibi ikipita, redio ndogo ya mjini ilimpa nafasi mtu mmoja aitwaye Mashaka Sefu, mwenye kibanda cha kuchaji simu karibu na soko, asimulie habari za Shundwe. Shundwe ni nchi aliyoizua mwenyewe, iko chini ya mchanga wa kisiwa cha Macaloe, haina jua, ina mwezi tu, na ina kalenda yake. Kila siku ya mwezi imepewa jina la kiumbe, na ya kwanza ndiyo Ukucha, kwa kuwa mwezi mchanga ni mwembamba kama ukucha uliokatwa. Wazee wazima waliacha chakula kwenda kusikiliza upuuzi huo. Na kwa kuwa mfalme wa Shundwe alikuwa amezungushia nchi yake waya wa chuma, Lázaro hakuhitaji ushahidi mwingine. Jumamosi hiyohiyo Mashaka akatiwa ndani.

“Gari la Pemba linaondoka naye baada ya alasiri,” Lázaro alisema. “Kosa lenyewe ni hujuma. Wewe tia sahihi tu, Inspetora.”

Wahida aliwajua waliopandishwa gari lile kwa kosa hilo. Watatu hawajarudi. Wa nne alirudi, ila tangu siku hiyo hula uji tu.

“Nipe hiyo simu,” alisema.

Aliipekua akiwa amesimama. Hakukuwa na jina hata moja, wala simu iliyopigwa, wala iliyopokelewa.

“Komandanti, umewahi kuona simu ya mtu wa Palma isiyo na bipu hata moja? Hana mama huyu? Hana shemeji wa kumsumbua?”

“Wahalifu ni watu wa peke yao.”

“Hii simu haijawahi kuwa ya mtu. Imenunuliwa ili iokotwe.”

Lázaro alipiga miayo. Ilikuwa ndiyo hoja yake kubwa kila alipobanwa.

Barazani alikaa mke wa Mashaka, Mwanawetu, tumbo limemshuka, miguu imevimba. Kando yake mama yake, Mariamo, alikuwa akimpepea kwa kipande cha boksi. Mbele yao, uwanjani, watoto wa kike walicheza, wakiruka na kuimba: “Ukucha, Kaa, Pweza, Chaza, Ngisi, Taa...” Walipofika mwisho wa majina waliziba vinywa kwa viganja, wakaendelea kuruka kimya kimya, mpaka mmoja aliponyoosha kidole juu na kupiga ukelele: “Huyooo!” Hapo wakaanza tena. Wahida aliwatazama kwa sababu walikuwa na akili kuliko aliowaacha ndani.

“Uchungu umeanza lini?” alimuuliza Mwanawetu.

“Tangu alfajiri, dada. Ila nimejibana. Nataka mwanangu azaliwe siku yenye jina.”

“Ati nini?”

“Leo haina jina. Baba yake atasononeka.”

“Lo! Mume yuko korokoroni, na wewe unambania mtoto kwa ajili ya hadithi? Mama Mariamo, mpeleke nyumbani huyu.”

“Haondoki, mwanangu,” Mariamo alisema. “Anasema gari halimchukui mumewe mpaka lipite juu yake.”

Wahida akasonya, akaingia mahabusu.

Mashaka alikuwa mtu mrefu, mkavu, mwenye shati lililochanika begani na kiburi kisichochanika. Hakusimama.

“Wewe ndiye mwenye Shundwe?” Wahida aliuliza.

“Shundwe haina mwenyewe. Mimi naleta habari tu.”

“Vizuri. Basi nisikilize, mleta habari. Nitaandika mstari mmoja: kwamba Shundwe ni porojo, kalenda yake ni porojo, na hayo majina hayana maana yoyote. Utie sahihi. Pengine nitakutoa kwa hilo.”

“Siyo porojo.”

“Mkeo ana uchungu hapo nje.”

Mashaka alifumba macho. Kwa mara ya kwanza akaonekana mtu badala ya sanamu.

“Najua. Namsikia. Lakini nikisema haina maana, kesho wataniuliza kwa nini watu walisikiliza kitu kisicho na maana miaka miwili. Watasema nilificha. Nikikubali nimekwisha, nikikataa nimekwisha. Basi afadhali nikatae.”

Hapo Wahida aliona kuwa huyu naye, pamoja na majivuno yake, si punguani.

“Ule ujumbe uliuandika wewe?”

“Mtume! Mimi?” Mashaka alisimama sasa, na hasira zake zilikuwa za mtu aliyetukanwa, si za mtu aliyeshtakiwa. “Aliyeandika ule hajui kalenda! Umetumwa Jumatano, sivyo? Nani aliye hai angejua Jumatano Ukucha utakuwa lini? Ukucha haupangwi. Unaonekana. Watu watatu wauone mwezi kwa macho yao, kome lipulizwe, ndipo mwezi uanze. Usipoonekana, siku ni bubu. Haina jina. Shundwe hawawashi moto siku bubu, hawaoani, hawasemi. Linalotendwa siku hiyo halihesabiwi.”

“Na Ijumaa?”

“Bubu. Jana bubu. Na leo bubu, mpaka uandame.”

Jambo hilo Wahida alilijua bila kufundishwa na mtu. Alikulia Mocímboa, katika nyumba ambayo kila Ramadhani iligawanyika: baba yake alifunga kwa kuuona mwezi kwa jicho, amu yake alifunga kwa kalenda ya ukutani yenye kiduara cheusi cha kuonyesha mwezi mpya, na mama yake alipika daku mbili huku akiwalaani wote.

Lakini upelelezi si huruma. “Mtu anayeijua kalenda anaweza kuikosea makusudi ili ajitetee,” alisema.

“Mimi?” Mashaka alisema kwa dharau ya kweli. “Niikosee kalenda yangu?”

Wahida alitoka. Hilo halikuwa ushahidi, lakini alimwamini, na likamuudhi.

Huko Afungi alipokewa na Buanali, afisa mahusiano wa kampuni. Buanali alikuwa mzaliwa wa Palma, mtoto wa mtaa uleule wa Mashaka, lakini tangu apate ofisi yenye kipoza hewa alizungumza na watu wa kwao kwa mkalimani. Alivaa kofia ngumu ya ujenzi. Hapakuwa na ujenzi wowote mahali pale. Hata alipokaa mezani, chini ya kalenda kubwa ya kampuni iliyojaa picha za meli na viduara vya mwezi, kofia ilibaki kichwani.

“Desculpa, samahani Inspetora, watu wetu hawa ni wa nyuma sana,” alisema. “Unawaletea maendeleo, wanakwenda kusikiliza nchi iliyo chini ya mchanga.”

“Wewe husikilizi?”

“Ijumaa hii tu, kwa ajili ya kazi. Nilikuwa na wasiwasi naye. Nimeandika maelezo kwa Komandanti. Nilimsikia kwa masikio yangu, magharibi imepita: ‘Leo ni Ukucha, waya utaanguka.’ Usiku uleule, moto.”

“Uliyasikia maneno hayohayo?”

“Hayohayo. Naapa.”

“Na funguo za ghala hukaa na nani?”

“Kwangu. Lakini moto haubishi hodi.”

Alicheka peke yake. Wahida aliomba aonyeshwe ghala.

Mabati yalikuwa yamekunjamana, na mapipa ya nyuma yalisimama yamepakwa masizi toka juu hadi chini. Ya mbele mawili matatu yalikuwa yamepasuka vipande. Wahida aliyapita yale yaliyopasuka, akaenda kwa mazima. Aligonga moja kwa vidole.

“Haya yalikuwa na nini?”

“Dizeli. Yote. Kesho mkaguzi anakuja kutoka Maputo, masikini, atakuta majivu.”

“Pipa la dizeli likikaa ndani ya moto hupasuka, kama hayo ya mbele. Haya yamesimama kama mabwana harusi.” Alimwita dereva wake, Muzamil, wakasaidiana kulegeza kifuniko cha pipa moja na kuliinamisha. Yalimwagika maji, masafi, ya uvuguvugu. Wahida alikinga viganja, akanawa vumbi la Olumbi usoni, akanawa na shingo, polepole, huku Buanali akimtazama.

“Dizeli nzuri hii,” alisema. “Haina hata harufu.”

“Ni... ni maji ya kuzimia moto.”

“Yaliingia kwenye pipa lililofungwa? Na si umeandika kwa Komandanti kwamba hakuna aliyethubutu kusogea, ghala likaachwa liishe lenyewe?”

Buanali aliweka sawa kofia. “Basi ni walinzi. Tarique huyo. Wanaiba dizeli wanavusha Ruvuma, sisi hatujui.”

“Walinzi wenye funguo zako.”

“Hao watu wanaweza kitu chochote. Na hata kama dizeli iliibwa, aliyewasha moto ni Mashaka. Ujumbe upo, Inspetora. Mimi sijui habari za makaa na mapweza.”

Hapo ndipo alipojificha, na maficho yenyewe yalikuwa mazuri kiasi. Maji ndani ya mapipa yalionyesha wizi, hayakuonyesha mkono uliowasha kiberiti. Lázaro angemfunga Mashaka kwa moto na Tarique kwa wizi, mwenye kofia akabaki na kofia yake.

“Njoo kituoni alasiri,” Wahida alimwambia. “Nataka urudie maelezo yako mbele ya Komandanti, kisha tumpakie mtu wetu.”

“Kwa furaha,” alisema Buanali, na hakika alifurahi.

Njiani Wahida alisimama kwenye redio. Kilikuwa chumba kimoja chenye feni bovu, na fundi mitambo wake, binti aitwaye Graça, alikuwa akila embe mbichi kwa pilipili. Wahida alimuuliza swali moja. Graça alijibu bila kuacha kutafuna. Wahida akamwambia anawe mikono, apande gari.

Walipofika kituoni, baraza ilikuwa tupu. Mwanawetu alikuwa amezidiwa, Mariamo amemwingiza stoo ya nyuma, kati ya baiskeli zilizokamatwa na magunia. Sauti yake ilisikika mpaka ofisini. Mashaka alikuwa ameletwa, pingu mikononi, na kila mke wake alipoguna naye alitikisika. Gari la Pemba lilikuwa linanguruma nje. Buanali alikaa karibu na dirisha, mguu juu ya mguu.

“Rudia maelezo, chefe,” Wahida alisema.

Buanali alirudia, neno kwa neno, akaongeza chumvi kidogo: kwamba sauti ya Mashaka siku hiyo ilikuwa ya kutisha.

“Ijumaa hiyohiyo? Hukuchanganya siku?”

“Ijumaa. Nilikuwa nimetoka msikitini mwenyewe.”

“Na ilikuwa Ukucha. Basi leo Jumapili, kwa hesabu ya huyu bwana, ni siku gani?”

Buanali alitabasamu kwa huruma. “Ukucha, Kaa... leo Pweza.”

Mashaka aliinua kichwa. Alimtazama Buanali kama mtu anavyotazama kitu alichokikanyaga.

“Majina umeyajulia wapi? Asubuhi ulisema hujui makaa wala mapweza.”

“Ah, mtoto wangu Yasmin huimba nyumbani. Kutwa kucha. Ukuta mzima unaimba.”

“Hebu tusikilize basi,” alisema Wahida.

Nje watoto walikuwa bado wanacheza. Sauti ziliingia dirishani, jina baada ya jina, mpaka la mwisho, kisha kimya.

“Wamemaliza,” alisema Buanali.

“Hawajamaliza. Geuka utazame.”

Buanali aligeuka. Yasmin, binti yake, alikuwa katikati ya duara, kiganja mdomoni, mashavu yamejaa kicheko alichokizuia, anaruka. Wenzake wote vilevile. Kimya kiliendelea. Buanali alitazama, na rangi ya uso ikaanza kumtoka hata kabla hajaelewa sababu.

“Huyooo!” mmoja alipiga ukelele, na wimbo ukaanza upya.

“Umemsikia mwanao kupitia ukutani mwaka mzima,” Wahida alisema, “hukutoka hata siku moja ukamwangalia akicheza. Ungemwona. Zile ni siku bubu, bwana mkubwa. Hazina jina wala sauti, mpaka mwezi uonekane. Wewe ulichukua majina ya mtoto ukayabandika kwenye kalenda ya kampuni, pale palipochorwa kiduara cheusi. Ijumaa. Mtu wa Palma hawezi kuagiza moto wa Ukucha tangu Jumatano. Wewe uliweza, kwa kuwa kwako wewe mwezi unatoka kiwandani.”

“Hiyo ni... labda huyu alikosea mwenyewe! Mimi nilimsikia redioni!”

“Graça, Ijumaa magharibi Mashaka alisema nini redioni?”

“Hakusema,” Graça alijibu. “Siku bubu hasemi. Hakuja hata redioni. Tunafungua kipaza sauti dirishani, watu wanasikia bahari mpaka isha. Ijumaa ilikuwa bahari tu.”

Lázaro alitazama mlango wake wenye chaki, akaanza kufuta CHAZA kwa kiwiko.

“Umeapa kwamba uliisikia sauti ya kutisha,” Wahida alimwambia Buanali. “Ulitishwa na mawimbi? Umeiba dizeli, umejaza maji, umesikia mkaguzi anakuja, umechoma. Hayo ningeyaelewa, wezi nimewaona wengi. Lakini uliacha mlinzi wako ndani, ukamtafutia jirani yako kamba ya shingo, na hukutoa hata jioni moja ya kumsikiliza. Hata kumwangamiza mtu hukukufanyia bidii. Mvue kofia hiyo, Komandanti. Inanitia kichefuchefu.”

Buanali aliivua mwenyewe. Chini yake alikuwa na upara na jasho tu.

“Inspetora,” Lázaro alinong’ona alipokuwa akimfungua Mashaka pingu, “si tuseme basi jambo hili halikutokea? Wenyewe wanasema siku bubu haihesabiwi.”

“Huko Shundwe haihesabiwi. Kwenye ripoti yangu itahesabiwa, na jina lako nimelianza kwa herufi kubwa.”

Hapo ndipo kilio kilipotoka stoo, chembamba, cha hasira. Mashaka alikimbia, akajikwaa kwenye baiskeli. Mariamo alikutana naye mlangoni na kitu kilichofungwa kwenye kanga.

“Wa kike. Mzima. Mama yake naye mzima, ila analia, anakuomba radhi. Kasema alijaribu kungoja mwezi, hakuweza.”

Mashaka alipokea mtoto. Yule msemaji hodari, mtu wa kubishana na bunduki, alimfunua kanga usoni kwa kidole kimoja. Jua lilikuwa bado juu ya mabati ya soko, na mwezi haukuwapo.

“Haya,” Wahida alisema kwa ukavu, macho akiyaelekeza kwenye baiskeli. “Mwambie mwanao kwamba hahesabiwi.”

Mashaka aliingia stoo na mtoto, akaufunga mlango kwa mguu.

Waliondoka Palma magharibi ikiingia, Buanali kiti cha nyuma, pingu zilezile. Mawingu yalikuwa yamefunga mbingu yote. Karibu na Olumbi Muzamil aliwasha redio, ikatoa mawimbi: bahari tu, ikipumua dirishani.

“Zima,” alisema Wahida. Kisha akasema, “Ngoja.”

Bahari ilikatika. Kikohozi, halafu sauti kavu aliyoijua.

“Shundwe inawasalimu. Leo watu wa Shundwe wameamka wakakuta siku yao ina jina. Imezaliwa alasiri, kati ya baiskeli, inapiga kelele. Leo ni siku ya Haula.”

Nyuma ya gari Buanali aliruka kitini mpaka pingu zikalia.

“Hawezi!” alisema. “Mwezi haujaonekana! Leo ni bubu, hairuhusiwi!”

Wahida aligeuka akamtazama vizuri, akacheka mara ya kwanza tangu atoke Pemba, akacheka mpaka machozi.

“Sasa umeijua kalenda,” alisema, na akamwambia Muzamil aongeze sauti.